Mbwa Aliyeacha Kunguruma Akaanza Kuuma

Swali: "Shikamoo daktari. Tuna mbwa dume, mchanganyiko wa German Shepherd na mbwa wa kienyeji, anaitwa Bobi, anakaribia miaka mitatu. Tulimchukua akiwa na miezi miwili. Waliotuuzia walimwambia mume wangu kwamba mbwa wa ulinzi asizoeshwe watu, kwa hiyo tulimfungia bandani hadi akafika miezi minane hivi, na aliyempelekea chakula ni mume wangu peke yake. Siku hizi mchana anafungwa mnyororo karibu na geti, usiku anafunguliwa. Tangu mwaka jana ukali umezidi. Bodaboda ikipita anaruka mpaka mnyororo unamrudisha chini. Wiki tatu zilizopita alimuuma mguuni kijana aliyetuletea mtungi wa gesi. Juzi mwanangu wa miaka sita alipita karibu na Bobi, Bobi akiwa anakula, akamrukia. Bahati nzuri alishika kaptula tu. Zamani alikuwa ananguruma kwanza, na mume wangu akawa anampiga kwa mpira wa maji kila akinguruma. Sasa hangurumi, anauma kimyakimya. Halafu asubuhi anaamka kwa shida na hataki kuguswa mgongoni. Jirani anasema tumhasi, mwingine anasema tumuuze kwa kampuni ya ulinzi, shemeji yangu anasema apigwe risasi yaishe. Je, mbwa wa umri huu bado anafundishika, au tumeshachelewa?"

Marahaba, mama. Nitakujibu kwa urefu, kwa sababu uliyoyaeleza yanagusa usalama wa mtoto, na jibu fupi la "mhasi" au "muuze" lingewaacha katika hatari ileile. Swali lako la mwisho nalijibu mapema: mbwa wa miaka mitatu anafundishika. Hata hivyo, Bobi hatakuwa mbwa wa kukaa na wageni barazani, na mpango wowote wa kumsaidia utaanza kwa kubadilisha mazingira yake na matendo ya watu wazima wa nyumba hiyo, ndipo mafunzo yake mwenyewe yafuate.

Kabla ya hayo, nizungumzie yule kijana wa gesi, ingawa hukuniuliza habari zake. Virusi vya kichaa cha mbwa huonekana kwenye mate ya mbwa siku chache tu kabla ya dalili kujitokeza, na mbwa mwenye dalili hufa ndani ya siku chache. Ndiyo sababu mbwa aliyeuma mtu hutazamwa kwa siku 10. Ikiwa Bobi yu hai na ana afya yake baada ya wiki tatu, hakumwambukiza kijana huyo. Lakini usijifunze kutokana na bahati hiyo kwamba mtu anaweza kusubiri, kwa kuwa mtu akishaanza kuonyesha dalili za ugonjwa huu karibu kila mara hufa, na hakuna dawa ya kumrudisha. Jeraha la kuumwa na mbwa huoshwa papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, bila kupaka mafuta ya taa wala dawa yoyote ya kubahatisha, kisha mtu anakwenda hospitali siku hiyohiyo ili aanzishiwe chanjo na kuangaliwa kuhusu pepopunda. Mbwa naye asiuawe kwa hasira, kwa maana mkishamuua mmepoteza nafasi ya kumtazama. Kama kadi ya chanjo ya Bobi haionekani, au sindano ya mwisho imepita mwaka mmoja, mpigieni simu daktari wa mifugo leo. Na gharama za matibabu ya kijana yule, kwa maoni yangu, ni zenu.

Sasa tuje kwa Bobi mwenyewe. Ninavyosoma maelezo yako, hapa pana mbwa anayeogopa, na huenda pia anaumwa. Najua ni vigumu kuliamini jambo hilo unapomwona ameinua midomo na meno yako nje, lakini sehemu kubwa ya ukali wa mbwa kwa watu ina kazi moja tu, nayo ni kumfanya anayemtisha asogee mbali. Mtazame siku moja kutoka dirishani bodaboda inapokaribia, ukianza kumwangalia kabla hajabweka. Huenda utaona anaacha kuhema na mdomo unafungwa ghafla. Mwili unakakamaa, masikio yanalala nyuma, ulimi unalamba pua mara moja au mbili bila kuwapo chakula, na weupe wa jicho unatokeza pembeni. Yote hayo hupita kwa sekunde mbili tatu, kisha ndipo anaruka. Watu wengi huanza kumwona mbwa pale anaporuka, wakasema ameuma bila sababu, kumbe ameshasema mengi kabla.

Hofu hiyo ilipandwa bandani. Mtoto wa mbwa ana kipindi kifupi, kuanzia wiki ya tatu hivi hadi kama wiki ya 12 au ya 14, ambacho ubongo wake hupokea watu, sauti na vitu vipya kwa wepesi usiorudi tena. Watafiti wa Bar Harbor, jimbo la Maine nchini Marekani, waliwalea watoto wa mbwa bila kugusana na binadamu hadi wiki ya 14, na matokeo waliyochapisha mwaka 1961 yalionyesha kwamba watoto hao walikuwa wazito mno kuwazoea watu hata baada ya kushughulikiwa kwa bidii. Bobi mlimpokea akiwa na wiki nane au tisa, katikati ya kipindi hicho, akafungiwa mahali ambapo dunia nzima ilikuwa mtu mmoja na sahani moja. Alipotoka akiwa na miezi minane, kila mtu mwingine alikuwa kitu cha kutisha. Simlaumu mume wako. Ushauri huo hutolewa kwa nia njema katika nusu ya nyumba ninazoingia, na husikika kuwa wa busara mpaka mbwa akue.

Ubaya wake ni kwamba hautoi hata mlinzi mzuri. Mbwa aliyelelewa kwa kufichwa hawezi kupambanua mwizi na muuza maziwa, kwa hiyo huwabwekea wote, na baada ya muda wenyeji huacha kuamka kumsikiliza. Mbwa wa polisi unaowaona wakipita katikati ya umati walizoeshwa watu tangu wachanga, na ndiyo maana wanaweza kutulia mpaka waamriwe. Kuhusu imani kwamba nyama mbichi, pilipili au bangi humpa mbwa ukali wa kufaa, nitasema tu kwamba nyama mbichi haibadilishi tabia, na hivyo viwili vingine ni mateso na sumu. Kwa Tanzania, Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008 inakataza kumtesa mnyama, kwa hiyo jambo hilo si la ladha ya mtu binafsi.

Jambo lililonitia wasiwasi kuliko yote katika barua yako ni pale uliposema Bobi haangurumi tena. Najua mume wako aliliona hilo kuwa maendeleo. Kunguruma ni onyo, na onyo ni zawadi ya mbwa kwa watu wanaokaa naye, kwa sababu linampa mtu nafasi ya kusimama na kurudi nyuma. Kila aliponguruma akapigwa, Bobi alijifunza kwamba kunguruma kunaleta maumivu. Hakujifunza kwamba mtoto anayepita karibu na sahani ni mtu mwema. Hofu ilibaki palepale, sauti ikaondolewa. Isitoshe, mpira wa maji ulikuwa ukitokea wakati mgeni au mtoto yupo karibu, na mbwa huunganisha mambo yanayotokea pamoja, kwa hiyo kila kipigo kilimthibitishia kwamba watu hao wanapokaribia, mambo huharibika.

Haya si maoni yangu tu. Mwaka 2009 watafiti wa Chuo Kikuu cha Pennsylvania walichapisha majibu ya watu 140 waliokuwa wamepeleka mbwa wao kwenye kliniki ya tabia ya chuo hicho. Katika wale waliowahi kuwapiga mbwa wao kwa mkono au teke, asilimia 43 walisema mbwa alijibu kwa ukali. Hata kumkodolea macho tu ili atishike kulizaa ukali kwa asilimia 30 ya waliojaribu. Hao ni mbwa waliokwisha kuwa na matatizo, hilo nalikubali, lakini Bobi naye ni mmoja wa aina hiyo.

Mume wako huenda atauliza: sasa mbwa atajuaje nani mkubwa wa nyumba? Wazo hilo la kwamba mbwa anapigania ukubwa lina historia yake. Mwaka 1947 mtafiti Rudolph Schenkel aliandika kuhusu mbwamwitu waliofungiwa pamoja katika bustani ya wanyama ya Basel, Uswisi, akaeleza jinsi walivyogombea vyeo, na watu wakayachukua maelezo hayo na kuyapeleka kwa mbwa wa nyumbani. David Mech, mtafiti Mmarekani ambaye mwenyewe alikuwa ameyaeneza mawazo hayo, alikuja kuandika mwaka 1999 kwamba kundi la mbwamwitu porini kwa kawaida ni baba, mama na watoto wao, na kwamba hakuna vita vya kila siku vya kuwania uongozi. Bobi hagombei kiti cha mume wako. Anataka bodaboda iondoke, na anataka kumaliza ugali wake.

Tena bodaboda huondoka kweli. Hapa ndipo penye mtambo wa tatizo la geti, na ningependa mlielewe vizuri kwa sababu mafunzo yote yamejengwa juu yake. Bobi ni kama jogoo anayeamini kwamba kuwika kwake ndiko kunakoleta mapambazuko: anabweka, pikipiki inapita kwa sababu ilikuwa inapita tu, naye anahesabu ushindi. Akipata ushindi mara 40 kwa siku, kwa mwaka mzima, tabia hiyo inakuwa imeshiba mazoezi kuliko kitu chochote mlichowahi kumfundisha. Mnyororo unaongeza uzito, kwa kuwa mbwa aliyefungwa hawezi kukimbia, na mnyama aliyenyimwa njia ya kukimbia hubakiwa na njia ya kupigana. Juu ya hapo, kila anaporuka shingo inavutwa kwa nguvu, na maumivu hayo nayo anamwandikia mpita njia. Utafiti wa Denver, Marekani, uliochapishwa mwaka 1994, uliwalinganisha mbwa waliouma na wasiouma, ukaona kwamba kufungwa mnyororo kulihusiana na uwezekano wa kuuma wa karibu mara tatu. Bila shaka mbwa wengine hufungwa kwa sababu tayari ni wakali, kwa hiyo takwimu hiyo peke yake haiwezi kubeba mzigo wote, lakini ninayoyaona nyumbani kwa watu yanakwenda upande huohuo.

Basi, mfanye nini? Kwanza kabisa, msimpe somo lolote kabla hajapimwa. Mbwa wa miaka mitatu bado ni kijana. Hapaswi kuamka kwa shida, na kukataa kuguswa mgongoni kunanifanya niwaze nyonga. German Shepherd na machotara wao hukumbwa sana na ulegevu wa kiungo cha nyonga unaozaa maumivu ya kudumu. Yawezekana pia ni uti wa mgongo, masikio yaliyooza ndani, jino, au homa zinazoletwa na kupe. Mbwa mwenye maumivu uvumilivu wake ni mfupi, na akiwa anakula hataki mtu amsogelee asije akamgonga mahali panapouma. Daktari ataamua kama inafaa kumpiga picha ya eksirei. Kama mpo karibu na Morogoro, hospitali ya wanyama ya Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo ni mahali pa kwenda. Tafadhali msimpe vidonge vya kutuliza maumivu vya binadamu wakati mnasubiri. Ibuprofeni na diklofenaki zinaweza kumtoboa tumbo mbwa na kumharibu figo.

Pili, tangu leo jioni, mtoto na mbwa wasikutane. Sisemi wakutane mtu mzima akiwapo. Nasema wasikutane kabisa kwa sasa, na kati yao kuwe na vizuizi viwili, kwa mfano mlango wa banda na mlango wa uzio, ili kimoja kikisahauliwa kingine kiwepo. Mtoto wa miaka sita ana uso wake karibu na kimo cha mdomo wa mbwa mkubwa, na hawezi kukumbuka masharti kila mara hata mkimfundisha vizuri. Bobi ale ndani ya banda lililofungwa, mahali ambapo hapapiti mtu, na sahani iondolewe yeye akiwa ameshatoka na kufungiwa upande mwingine. Usiku asifunguliwe mpaka watoto wote wawe ndani na geti limefungwa.

Tatu, mwondoeni getini. Hili ndilo badiliko ambalo mtaliona faida yake mapema kuliko yote, na mara nyingi ndilo ambalo watu hulipinga, wakidhani mlinzi lazima aone barabara. Mbwa husikia na kunusa mtu muda mrefu kabla hujamwona wewe. Akiwa nyuma ya nyumba atawajulisha vilevile. Mjengeeni sehemu ya uani yenye uzio wa waya, kivuli na maji, asione barabara, na kama geti lenu ni la nondo, lizibeni kwa mabati. Uzio ukizidi uwezo wenu kwa sasa, waya imara uliofungwa kati ya nguzo mbili, mnyororo ukiteleza juu yake, humpa nafasi ya kutembea, japo si suluhisho la kudumu. Wekeni kengele nje ya geti, na mwambieni anayeleta gesi apige simu kabla hajafika. Lile bango la MBWA MKALI libaki, lakini lisiwafanye mlegee, kwa sababu haliwasaidii watoto wasiojua kusoma.

Nne, mzoesheni kuvaa kizuizi cha mdomo, kile chenye umbo la kikapu, ambacho humruhusu mbwa kuhema na kunywa maji. Msifunge mdomo kwa kamba au kitambaa, kwa sababu mbwa hupoza mwili wake kwa kuhema, na kwenye joto letu anaweza kuzidiwa. Kikapu kisivalishwe kwa nguvu. Shikeni kipande cha ini ndani yake, Bobi atie pua mwenyewe na kula, mkitoe. Rudieni hivyo kwa siku kadhaa kabla ya kufunga mkanda kwa mara ya kwanza. Akishakikubali, hakuna somo litakalofanyika nje ya uzio bila kikapu hicho.

Hapo sasa tunafika kwenye mafunzo. Chemsheni maini, myakate vipande vidogo vya ukubwa wa punje ya harage, au tumieni dagaa wakavu. Vyovyote vile kiwe kitu ambacho Bobi hakipati wakati mwingine wowote. Wiki za mwanzo somo ni moja na linafanyika uani kwenye utulivu: mtu mzima mmoja anamwita jina, Bobi akigeuza kichwa anapata kipande. Dakika tano asubuhi, tano jioni, basi. Ningependa mtu huyo awe mume wako, kwa kuwa ndiye aliyemlisha tangu utotoni, lakini pia ndiye aliyeshika mpira wa maji. Kama Bobi analamba midomo na kuinama anapomwona, aanze mtu mwingine, na mume wako ajiunge polepole huku akimtupia vipande bila kumwinamia. Kazi ya hatua hii ni kumpa mbwa jambo la kufanya anaposikia jina lake, ambalo baadaye tutalihitaji sana.

Kisha mtafute msaidizi, mtu mzima mtulivu ambaye Bobi hamjui vizuri. Bobi akiwa na ukanda wa mwili na kamba imara mkononi, na kikapu mdomoni, msaidizi ajitokeze mbali, tuseme mita 30 au zaidi, asimame ubavu bila kumtazama mbwa machoni. Utaratibu ni huu, na ukigeuzwa unaharibika: kwanza mtu anaonekana, ndipo maini yanaanza kutolewa, kipande baada ya kipande, mtu akitoweka nyuma ya ukuta, maini nayo yanakoma. Mkianza kutoa chakula kabla ya mtu kuonekana, Bobi ataanza kuona chakula ni dalili ya hatari. Hapa hatumlipi kwa kutulia, wala hatumhongi anyamaze. Tunaibadilisha maana ya mgeni katika kichwa chake, kwa kanuni ileile aliyoieleza mwanasayansi Mrusi Ivan Pavlov kuhusu mbwa wake waliotokwa mate kabla ya kuona chakula. Mtajua imeanza kuingia siku ambayo Bobi atamwona msaidizi, halafu, badala ya kukakamaa, atageuka mwenyewe kumtazama mwenye maini.

Umbali ndio kila kitu. Akikataa kula, au akila kwa kunyakua kwa nguvu kuliko kawaida yake, mmekaribia mno. Rudini nyuma bila kumgombeza. Akiruka na kubweka, mwondoeni kwa utulivu na somo la siku hiyo limekwisha, kwa sababu mwili uliokwisha kupandwa na mshtuko huchukua saa nyingi kutulia, na ndani ya saa hizo hajifunzi jambo jema. Mita mbili kwa wiki ni mwendo mzuri. Bodaboda ni somo la peke yake: iwe imeegeshwa mbali kwanza, siku nyingine isukumwe injini ikiwa imezimwa, baadaye iwashwe ikiwa imesimama, na mwisho ipite taratibu. Watu hupenda kuruka hatua ya kusukuma kwa sababu inaonekana ya kitoto, nao hurudi kwangu wakisema njia hii haifai.

Kuhusu chakula, msimnyang'anye sahani ili "azoee". Hilo ndilo linalomfundisha kuilinda. Baada ya daktari kushughulikia maumivu, mtu mzima apite nje ya waya wa banda, mbali kiasi kwamba Bobi anaendelea kula bila kukakamaa, amrushie kipande cha ini na aendelee na safari yake bila kusimama. Kwa siku nyingi atajifunza kwamba anayepita huongeza, hapunguzi. Mtoto hashiriki zoezi hili, hata likifaulu vipi.

Mwaweza kutegemea nini? Kwa uaminifu, miezi, tena yenye kurudi nyuma hapa na pale. Nataraji kelele za getini zitapungua sana kwa sababu ya mabati na kuhamishwa tu. Nataraji, kama maumivu yakipatiwa dawa, wasiwasi wa chakula utashuka. Sitaraji Bobi awe mbwa wa kuachwa peke yake na mtoto, na yeyote atakayewaahidi hilo kwa malipo ya wiki mbili msimpe pesa zenu. Anayekuja na kola ya umeme msimfungulie geti, kwani kazi yake ni ileile ya mpira wa maji.

Ushauri wa jirani wa kumhasi una sehemu yake. Kuhasi hupunguza kuzurura, kukojoakojoa kila kona na ugomvi wa madume juu ya jike, na huzuia watoto wasiotakiwa mtaani. Lakini ukali unaotokana na hofu hauondolewi kwa kisu, na mbwa wengine waoga huzidi kuwa na wasiwasi baadaye. Kwa hiyo lizungumzeni na daktari, lisiwe ndilo tumaini lenu. Zipo pia dawa, kama fluoksetini, ambazo huwasaidia baadhi ya mbwa kutulia kiasi cha kuweza kujifunza. Zinaandikwa na daktari aliyempima mbwa, huchukua wiki kadhaa kuonyesha kazi, na hazifai kitu bila mafunzo. Msinunue dawa za usingizi dukani mkampa, kwani baadhi yake humwondolea mbwa breki akauma kwa wepesi zaidi.

Kumuuza kwa kampuni ya ulinzi sikushauri. Bobi anayeumwa na anayeogopa atauma mtu huko, na walinzi watakaokaa naye nao wana ngozi. Mkipata mtu mzima asiye na watoto, mwenye uwanja uliozungushiwa uzio na anayeielewa historia yake yote, hilo ni jambo jingine, mradi mmweleze ukweli wote, pamoja na habari ya kijana wa gesi.

Na neno la shemeji yako silipuuzi, ila risasi hapana. Ipo hali ambayo daktari wa mifugo hushauri kumlaza mbwa kwa sindano isiyo na maumivu: kama ana maumivu yasiyotulizwa, kama anauma kwa kina bila onyo lolote hata baada ya kutibiwa, au kama nyumba haiwezi kwa vyovyote kumtenga na mtoto. Hali hiyo ya mwisho ni nyinyi mnaoijua, si mimi. Tembeeni uani jioni, wewe na mume wako, mkaangalie kila mlango na kila kitasa, mkijiuliza nani atausahau. Kama jibu la kweli ni kwamba milango hiyo haitafungwa kila siku, msianze mafunzo. Mwambieni daktari hivyo hivyo, mchague naye.

Kwa siku ya kumpima, mpigieni daktari kabla hajaja, mwelezeni kwamba mbwa ameshauma na hatoi onyo, ili ajiandae na dawa ya kumtuliza badala ya watu wanne kumkandamiza chini. Mrekodi kwa simu, mkiwa ndani ya nyumba, jinsi anavyoamka asubuhi na anavyotembea hatua zake za kwanza. Msimchokoze ili mpate picha za ukali wake.